Black Forest ya Mathe Si Feki

Wacha nianze na elfu mbili ambazo mathe hajalipwa mpaka leo.

Mama yangu hupika keki. Hana duka, hana bango. Ana oveni moja ya gesi, mashine moja ya kupiga krimu, na friji ambayo kuanzia Alhamisi sisi wengine haturuhusiwi hata kuifungua ovyo. Huku mtaani Eastlands watu humwita Mama Keki, na ukiuliza kwa kinyozi utaletwa mpaka mlangoni. Karo yangu ya chuo imetoka kwa hiyo oveni. Kwa hivyo nikiongea kuhusu keki, jua siongei kama mtu wa kula tu.

Mwezi uliopita mteja mmoja aliagiza black forest ya kilo mbili. Bei ni elfu nne. Akatuma elfu mbili kwa M-Pesa, nyingine alipe akichukua. Jumamosi akaja, akafungua sanduku, akaangalia, akasema, "Asante Mama, hiyo balansi nitakutumia jioni." Jioni haikuja pesa, ilikuja meseji ndefu. Ati ameishi Ujerumani miaka mitatu. Ati anajua black forest ya ukweli na hii si yenyewe: ndani hakuna cheri, ni jamu, krimu si krimu, ni mafuta, na kwamba mathe anauzia watu keki feki kwa jina la wenyewe. Halafu akaweka picha kwa status yake, keki imekatwa, imebaki robo.

Soma hapo tena. Imebaki robo. Mtu amekula robo tatu ya keki feki.

Mathe alisoma, akaweka simu kifudifudi juu ya meza, akaendelea kuosha masufuria. Mimi ndiye niliyewaka. Lakini kilichoniuma zaidi, na hapa niseme ukweli, ni kwamba kuna sauti ndani yangu ilikuwa inauliza: si huyu mtu ako na pointi? Mimi ndiye hutumwa kununua vifaa. Najua kinachoingia kati ya zile sponji ni jamu ya red plum. Najua ile krimu hutoka kwa pakiti na haijawahi kukutana na ng'ombe. Cheri ziko, ndiyo, lakini ni zile nyekundu za kung'aa, nane, juu kabisa, za kupiga picha.

Basi nikatumia wiki mbili kusoma historia ya hii keki. Nilitaka kujua mathe ameiba nini, na amemwibia nani.

Tuanze na jina. Black forest ni msitu kweli. Kwa Kijerumani ni Schwarzwald, na uko kusini-magharibi mwa Ujerumani, pale nchi inapopakana na Ufaransa na Uswisi. Jina lenyewe maana yake ni msitu mweusi, kwa sababu miti yake, jamii ya misonobari, ilisongamana mpaka mwanga ukashindwa kufika chini. Ni nchi ya milima, lakini usitishike: kilele chake kirefu kuliko vyote, Feldberg, kina mita 1,493. Nairobi iko juu ya hapo. Yaani mathe akiwa jikoni kwake Eastlands, yuko juu kuliko mtu aliyesimama kwenye ncha ya Schwarzwald. Hii haisaidii kesi yetu kwa vyovyote, nimeipenda tu.

Keki yenyewe Wajerumani huiita Schwarzwälder Kirschtorte. Jaribu kutamka hivyo ukiwa na njaa. Ni keki ya cheri ya Schwarzwald, na hapo ndipo nilipopigwa kofi la kwanza: neno Kirsch, cheri, limo ndani ya jina. Sisi tulilipokea jina kupitia Kiingereza, black forest, na njiani msitu ukafika salama, cheri zikapotea. Kwa hivyo tukikaa tukijiuliza kwa nini keki yetu haina cheri nyingi, jibu moja ni kwamba hakuna aliyetuambia ni keki ya cheri. Tuliambiwa ni ya msitu. Mimi nilipokuwa mdogo nilidhani ile chokoleti ya kukwaruzwa juu ni magome ya miti.

Lakini hilo neno Kirsch lina siri nyingine. Kule Schwarzwald kuna kinywaji kinaitwa Kirschwasser, maji ya cheri. Si maji. Ni pombe kali isiyo na rangi, kama asilimia 40, na hutengenezwa kwa kuchachusha cheri, kuzichemsha na kukusanya mvuke unaopoa kuwa matone. Ukimweleza guka yako hatua hizo, atakukatiza kwa neno moja: chang'aa. Tofauti kubwa ni karatasi. Mwaka 1726 wakulima wa Oberkirch walipewa na mtawala wao, askofu wa Strasbourg, ruhusa ya kujipikia pombe ya matunda yao, na mpaka leo eneo hilo limejaa mitambo midogo ya familia. Huku kwetu sheria ya kupiga chang'aa marufuku ilipita 1980, ikaja kulegezwa 2010. Miaka 30 nyanya zetu wakikimbizana na askari kando ya mto, wenzao wa Oberkirch wakibandika lebo kwa chupa. Haya, turudi kwa keki.

Kabla ya keki, watu wa Schwarzwald walikuwa tayari wanakula cheri zilizopikwa, krimu juu, na pengine tone la kirsch. Hiyo haina utata, ni chakula cha watu wenye miti ya cheri na ng'ombe. Utata unaanza ukiuliza nani aliziweka kati ya sponji za chokoleti akaziita keki.

Nilidhani hilo swali lingenichukua dakika tano. Jibu la kwanza utakalokutana nalo ni Josef Keller. Fundi wa keki, alizaliwa 1887, akafa 1981, na alisema yeye ndiye aliyeitengeneza mara ya kwanza mwaka 1915, akifanya kazi Café Agner mjini Bad Godesberg. Sasa fungua ramani. Bad Godesberg siku hizi ni sehemu ya jiji la Bonn, kando ya mto Rhine, zaidi ya kilomita 200 kaskazini mwa huo msitu. Ni kama mkahawa wa Westlands uvumbue keki halafu uiite Msitu wa Kakamega.

Na huo mwaka wenyewe! 1915 Ujerumani iko kwenye Vita vya Kwanza vya Dunia. Meli za kivita za Uingereza zimeziba njia za bahari, na mwaka huo huo ndio mkate ulianza kugawiwa kwa kadi. Watu wanapimiwa mkate kwa gramu, na wewe uko jikoni unapamba keki kwa krimu? Inawezekana, mikahawa ya wenye nacho haikosekani hata vitani. Sisemi mzee alidanganya. Nasema mimi mwenyewe nina mjomba ambaye kila mwaka huwa anasogeza nyuma tarehe aliyonunua gari lake la kwanza, na hakuna mtu kwenye familia anamwita mwongo.

Keller alimwachia mwanafunzi wake, August Schaefer, maelezo ya jinsi ya kuitengeneza, na familia ya Schaefer ina mkahawa Triberg, ndani kabisa ya Schwarzwald, ambako wanayahifadhi mpaka leo. Kwa hivyo, tukimwamini Keller, keki ya msitu ilizaliwa mbali na msitu, ikarudishwa "nyumbani" na mwanafunzi. Mtalii anakaa pale Triberg, anakula, anahisi yuko kwenye chimbuko. Kumbe chimbuko liko Bonn.

Kama liko Bonn. Kwa sababu kuna Udo Rauch, mtunza nyaraka wa mji wa Tübingen, ambaye baada ya kuchimba karatasi zake alifikia uamuzi tofauti: aliyeivumbua ni fundi anayeitwa Erwin Hildenbrand, wa Café Walz, Tübingen, mwaka 1930. Tübingen iko karibu na msitu, lakini ndani ya msitu haiko. Huyu naye ana karatasi, yule ana mwanafunzi. Maandishi ya kwanza kabisa yanayojulikana kuitaja hii keki kwa jina ni ya 1934. Na wakati huo, ilijulikana hasa kama keki ya wapi? Berlin! Upande mwingine kabisa wa nchi. Ilipatikana pia kwa mafundi wa hadhi kwenye miji mingine ya Ujerumani, Austria na Uswisi, lakini jiji lililohusishwa nayo zaidi lilikuwa Berlin.

Hapo ndipo nilipoacha kusoma kama mtoto wa Mama Keki, nikaanza kusoma kama mtu amenusa kitu. Kwa nini watu wa jiji kubwa, wa trafiki na moshi wa viwanda, wanataka keki yenye jina la msitu ambao wengi wao hawajaukanyaga?

Mimi nina jibu langu, na ni langu. Mwaka 1917, bado vita vinaendelea, mchezo wa kuigiza wa nyimbo unaoitwa Schwarzwaldmädel, yaani msichana wa Schwarzwald, ulioneshwa kwa mara ya kwanza hapo hapo Berlin. Ulipendwa sana. Kijiji, mapenzi, nguo za kienyeji, hewa safi. Watu wamechoka na vita na njaa, halafu unawaletea msitu jukwaani. Tangu hapo Schwarzwald haikuwa mahali tu, ilikuwa ndoto ya kuuzwa. Ni kama mtu wa Nairobi anavyosema "ushago" akimaanisha maziwa ya moto na amani, akisahau choo kiko nje na mtandao uko juu ya kilima. Ukiwa na keki ya cheri na krimu mwaka 1930 na unataka iende, utaipa jina gani?

Na usisahau aliyetunga muziki wa mchezo huo, Leon Jessel. Alikuwa na asili ya Kiyahudi. Wanazi waliposhika nchi kazi zake zikapigwa marufuku, Gestapo wakamkamata mwishoni mwa 1941, wakamtesa, akafa Januari 1942. Miaka minane baadaye, 1950, Ujerumani Magharibi ikatoa filamu ya rangi ya ule ule mchezo wake, na watu wakajaa kwenye sinema kuutazama huo msitu mzuri. Nilipofika hapo nilifunga simu kwa muda. Watu wanaweza kupenda sana picha ya nyumbani na bado wakamuua mtu aliyewachorea hiyo picha.

Kuhusu nguo: kuna vijiji vitatu huko, Gutach, Kirnbach na Reichenbach, ambavyo wanawake wake wana kofia maarufu inaitwa Bollenhut, yenye mipira 14 ya sufu. Mipira ikiwa myekundu, huyo hajaolewa. Ikiwa myeusi, ameolewa. Wengine watakuambia keki inaiga hayo mavazi: chokoleti ni gauni jeusi, krimu ni blauzi nyeupe, cheri ni mipira ya msichana asiyeolewa. Ni hadithi tamu na hakuna ushahidi wake. Mimi naona ni hadithi iliyokuja baada ya keki, sio kabla.

Ifikapo 1949 keki yetu ilikuwa namba 13 kwenye orodha ya keki zinazojulikana zaidi Ujerumani. Namba 13 tu! Kupanda mpaka kuwa keki ya dunia nzima kulikuja baadaye, na nadhani wengi wetu tunadharau kilichoipandisha. Si fundi yeyote. Ni friji.

Fikiria. Kakao ya unga unayotumia ipo kwa sababu mwaka 1828 Uholanzi, kina Van Houten walipata hati ya mashine ya kukamua mafuta kutoka kwa kakao. Krimu kwa wingi ilianza kupatikana baada ya 1878, Mswidi Gustaf de Laval alipotengeneza mashine ya kuzungusha maziwa mpaka krimu inajitenga. Kabla ya hapo ulikuwa unaacha maziwa yalale, unaengua. Na baridi ya kutegemewa ilitoka kwa mashine za Mjerumani Carl von Linde, miaka hiyo hiyo ya 1870. Hata hizo zilianza kwa viwanda vya bia, si jikoni kwa watu. Keki iliyojengwa kwa krimu laini, yenye cheri zinazotoa maji, haiwezi kukaa dirishani siku nzima bila baridi. Kwa hivyo hii tunayoiita ya kienyeji, ya mababu wa msituni, ni keki ya mashine. Ni mdogo wa gari. Na kakao haijawahi kuota Schwarzwald hata siku moja. Nyingi ya dunia nzima hutoka Côte d'Ivoire na Ghana. Kama tunaanza kuulizana nani ametumia kitu cha nani, tuulizane vizuri.

Miaka ya 1970 keki ilivuma Uingereza, ikawa ndiyo ya kumalizia mlo wa hotelini siku umevaa vizuri: kamba wa kuanzia, nyama ya kuchoma, halafu black forest. Migahawa ya Berni Inn ilijulikana kwayo. Viwanda vikaona pesa, vikaanza kuzitoa zikiwa zimegandishwa, krimu ya bei rahisi, cheri za mkebe, mpaka Waingereza wenyewe wakaanza kuicheka. Kwa hivyo yule mteja wetu hakuvumbua malalamiko. Keki hii imeitwa feki kabla mathe hajazaliwa.

Sasa nije kwa upande wake, kwa sababu nimesema nitakuwa mkweli. Ujerumani kuna mwongozo rasmi unaosema keki ikiitwa Schwarzwälder Kirschtorte, ladha ya kirsch lazima isikike waziwazi, na sponji ya chokoleti iwe na kakao isiyopungua asilimia 3. Nikachukua keki ya mathe nikaipima. Kakao, imepita. Krimu, imefeli. Kirsch, sifuri kubwa.

Halafu nikaangalia daftari la oda zake. Sunday school. Bathdei ya mtoto wa ustadh hapo nyuma. Mahafali. Mama mmoja wa kanisa ambaye hata sharubati akiiona imechacha kidogo huimwaga. Hebu niambie ni nani kati ya hawa ungempelekea keki iliyolowekwa pombe ya asilimia 40 ukapata oda ya pili. Mathe hakusahau kirsch. Hakuna aliyewahi kumwomba.

Na jina lenyewe halina mlinzi nje ya huko. Wale wana nyama yao ya nguruwe ya kukaushwa kwa moshi, Schwarzwälder Schinken, na jina hilo linalindwa na sheria ya Umoja wa Ulaya tangu 1997. Huwezi kuamka tu ukaliandika kwa pakiti yako. Jina la keki halikuwekewa ulinzi kama huo, na baada ya hiyo hadithi ya Bonn, Tübingen na Berlin unaelewa ni kwa nini. Wangelindia nani?

Bado swali la ladha lilinikaa. Nikaamua niipike. Ile ya ukweli, au karibu na ukweli, maana chupa ya kirsch nilipoiulizia bei nilicheka nikatoka. Nikanunua mikebe ya cheri chachu na krimu ya ng'ombe, lita nzima. Mikebe miwili tu ilinitoka karibu bei ya kilo moja ya keki ya mathe.

Sponji haikunisumbua. Mayai sita na sukari unayapiga juu ya maji ya moto mpaka yavuke vuguvugu, unaendelea kuyapiga nje ya moto mpaka yawe meupe na mazito, halafu unga na kakao unaingiza polepole kwa mwiko, bila hasira. Hakuna baking powder. Inayoinua keki ni hewa uliyoifungia kwenye mayai, basi. Nikaiacha ilale usiku kucha, maana ukikata sponji changa inameguka, kesho yake nikaikata mara tatu kwa uzi. Cheri nikazipika na maji yake na wanga kidogo zikawa nzito. Mpaka hapo nilikuwa nimeanza kujiita fundi.

Halafu krimu. Saa nane mchana, jiko limepata joto la oveni, stima zikapotea. Nikasema si shida, nina mikono. Nikapiga. Nikapiga. Krimu ya ng'ombe husimama kwa sababu vijipira vya mafuta yake, vikiwa baridi, hushikana na kuzifunga hewa ndani. Vikipata joto vinalegea, hewa inatoka. Hiyo niliisoma baadaye. Wakati huo nilijua tu kwamba haisimami, nikaongeza nguvu, mara nikaona chembechembe za njano na maji pembeni. Nilikuwa nimetengeneza siagi. Mathe alikuwa mlangoni muda wote ule. Hakusema kitu mpaka nilipomwangalia.

"Uliweka bakuli kwa friji kwanza?"

"Stima zimeenda, Mama."

"Na barafu haiuzwi hapo kwa samaki?"

Nusu lita iliyobaki niliipiga bakuli likiwa limekalia barafu ya samaki, na ikasimama. Ikasimama vizuri kweli. Tukajenga keki pamoja, sponji, maji ya cheri badala ya pombe, cheri, krimu, tena na tena, chokoleti ya kukwaruza juu. Tukaikata jioni hiyo na majirani wawili.

Ilikuwa tamu, siwezi kuficha. Ule uchachu wa cheri unakata utamu, na krimu inayeyuka mdomoni kama maziwa ya asubuhi. Yule mteja hakuwa anaota. Lakini ilipofika saa moja, ile iliyobaki mezani ilikuwa imeanza kuinama upande mmoja kama mlevi. Nikakumbuka kwamba krimu ya mathe, hiyo ya mafuta ya mimea, imewahi kupanda matatu mpaka Machakos mwezi wa pili, saa saba ya jua, juu ya mapaja ya mtu, ikafika na maua yake yote. Friji ya wale wa Berlin ilikuwa kwenye duka. Ya mathe imo ndani ya krimu yenyewe.

Yeye alikula kipande chake polepole, akachukua kalamu, akageuza karatasi ya kalenda akaanza kuhesabu. Cheri, krimu, mayai, chokoleti, gesi, barafu. "Hii ya kilo mbili ni elfu saba na mia tano," akasema, "na bado sijajilipa. Nani hapa anaweza?" Jirani mmoja akasema afadhali anunue mbuzi. Mathe akakata kipande kingine, akasema krimu yake ingefaa kwa chai.

Nilimwambia kitu kimoja, na tulibishana kidogo. Nilimwambia kwamba jina sioni shida nalo, lakini mtu akinunua ajue ndani kuna nini. Kama ni jamu, iandikwe jamu. Alinyamaza. Alinikumbusha nani hulipa karo. Kesho yake asubuhi nikaona amebadilisha orodha yake ya bei ya WhatsApp: black forest, jamu ndani, cheri juu, elfu mbili kwa kilo. Chini yake ameongeza mstari mpya: black forest ya cheri, krimu ya maziwa, kwa oda ya wiki moja kabla, malipo yote mwanzo. Hilo la mwisho ameliandika kwa herufi kubwa.

Mpaka sasa hakuna aliyeagiza hiyo ya pili. Elfu mbili yetu pia haijafika, na mathe amenikataza kuiulizia, kwa hivyo hapa siiulizii, nasimulia tu historia. Jumamosi hii ana oda tatu: black forest mbili, na white forest moja ya kilo tatu ya kucucu mmoja anayetimiza miaka 80. White forest. Nimetafuta huo msitu kwa ramani ya Ujerumani nzima, haupo. Kucucu hajali, na mimi ndiye wa kupiga krimu.